Mimbari na Jukwaa: Mchungaji Kaj Munk na Tamthilia Zilizouliza Maswali

Katika sharika zetu igizo lina siku zake. Krismasi ikikaribia, watoto wa Shule ya Jumapili hufungwa kanga na mashuka, mmoja akapewa fimbo ya mchunga kondoo, mwingine akavikwa taji la karatasi awe Herode, na mwanasesere akalazwa ndani ya boksi lenye majani makavu. Wazazi hucheka na kupiga picha, kisha igizo huwekwa kando hadi mwaka ujao. Hatusemi kwamba hilo ni baya. Lakini tukiishia hapo tutakuwa tumekisahau chombo ambacho watu wa Mungu wamekitumia tangu kale kusema mambo mazito, hasa yale ambayo wasikilizaji hawakutaka kuambiwa moja kwa moja.

Katika insha hii tutaipitia historia ya chombo hicho kwa ufupi, kisha tutakaa na mtu mmoja: Kaj Munk, mchungaji wa Kilutheri wa Denmark aliyeandika tamthilia, akauawa kwa risasi mwezi Januari 1944. Hatukumchagua kwa kuwa alikuwa mtu asiye na doa. Tutaona kwamba alikuwa nalo, tena kubwa. Tumemchagua kwa sababu maisha yake yanatuonyesha kazi ambayo tamthilia inaweza kufanya katika kanisa na katika taifa, na gharama inayoweza kumfikia mtunzi.

Manabii walioigiza

Nathani alipotumwa kwa Daudi baada ya habari ya Bathsheba na Uria, hakuanza kwa kumtajia mfalme amri alizozivunja. Alimsimulia habari ya tajiri mwenye mifugo mingi aliyemnyang'anya maskini kondoo wake mmoja. Daudi akawaka hasira na kumhukumu tajiri yule. Ndipo alipoambiwa kwamba tajiri huyo ni yeye (2 Samweli 12). Mashtaka angeweza kuyapinga, maana alikuwa mfalme. Hukumu iliyotoka kinywani mwake mwenyewe hakuweza kuipinga.

Manabii wengine walitenda kwa mikono. Yeremia alichukua gudulia la mfinyanzi akalivunja mbele ya wazee (Yeremia 19). Ezekieli alichora mji wa Yerusalemu juu ya tofali, kisha akauzingira kwa boma dogo huku watu wakimtazama (Ezekieli 4). Na Bwana wetu, aliposimulia habari ya mwana mpotevu, aliimaliza kaka mkubwa akiwa bado nje ya nyumba. Hatuambiwi kama aliingia karamuni. Mafarisayo waliokuwa wakisikiliza waliachiwa waamue wenyewe.

Tunaona basi kwamba kisa hakifanyi kazi ile ile ya amri. Amri humwambia mtu la kufanya. Kisa humwita aingie ndani, ashike upande, kisha ajione mahali aliposimama.

Kanisa lililopenda na kuogopa jukwaa

Pamoja na hayo, kanisa halikuwa na moyo mmoja kuhusu jukwaa. Yapata mwaka 200, Tertullian wa Karthago aliandika kitabu kizima cha kuwakataza Wakristo kwenda kwenye maonyesho. Alikuwa na sababu: katika viwanja vya Warumi watu waliuawa ili wengine wafurahi, na michezo yenyewe ilifungamana na ibada za miungu. Lakini kufikia karne ya 10 igizo lilikuwa limeingia hata katika ibada ya Pasaka. Watawa waliigiza wanawake watatu wakifika kaburini na malaika akiwauliza wanamtafuta nani. Halafu mwaka 1642 Bunge la Uingereza, lenye Wapuritani wengi, likayafunga majumba ya tamthilia.

Sisi Walutheri tumerithi nini katika mvutano huo? Martin Luther, katika dibaji alizoziandikia vitabu vya Yudithi na Tobiti kwenye Biblia yake ya mwaka 1534, alieleza kwamba huenda zamani Wayahudi walivicheza visa hivyo kama tamthilia, akavisifu: cha Yudithi kama mchezo mzito wa huzuni, cha Tobiti kama mchezo mzuri wenye mwisho mwema. Wafuasi wake nao waliitumia njia hiyo, hata kabla ya dibaji hizo. Mwaka 1527, mjini Riga katika nchi ya Latvia ya leo, Burkard Waldis, aliyekuwa mtawa kabla ya kuwa fundi wa vyombo vya bati, aliutungia igizo mfano wa mwana mpotevu, kwa lugha ya watu wa kawaida. Swali kubwa la wakati ule, kama mtu huokolewa kwa neema au kwa matendo yake, likatoka katika vyumba vya wasomi na kuwekwa mbele ya watu wa mji. Mwana aliyetapanya mali alisimama upande mmoja, na kaka aliyejihesabia haki upande wa pili. Asiyejua kusoma angeweza kuushiriki mjadala ule.

Mchungaji wa Vedersø

Kaj Munk alizaliwa tarehe 13 Januari 1898 katika mji wa Maribo, kisiwani Lolland. Wazazi wake walifariki angali mtoto mdogo, akalelewa na Peter na Marie Munk, wakulima wenye shamba dogo, ambao jina lao akalichukua. Alisoma theolojia Copenhagen, na mwaka 1924 akawekwa kuwa mchungaji wa Vedersø, usharika wa wakulima karibu na Bahari ya Kaskazini, magharibi mwa Jutland. Hapo akakaa mpaka kufa kwake. Alibatiza, alifundisha kipaimara, alizika. Na usiku aliandika tamthilia ambazo baadaye zilijaza kumbi za Copenhagen.

Iliyojulikana kuliko zote iliitwa Ordet, yaani Neno. Aliiandika mwaka 1925 kwa siku chache tu, ikachezwa Copenhagen mwaka 1932. Kisa chake kinatokea katika kijiji ambacho waumini wote ni Walutheri, lakini hawapatani. Mzee Borgen, mwenye shamba kubwa, ni wa upande wa Grundtvig: Ukristo wa furaha, wa nyimbo na wa kuyapenda maisha. Mshona nguo wa kijiji ni wa upande wa Misheni ya Ndani: Ukristo wa toba na mikutano ya maombi. Mwana wa Borgen ampendapo binti wa mshona nguo, wazee wote wawili wanakataa, kila mmoja akidai imani ya mwenzake si imani kamili. Wapendwa wasomaji, sisi tulioshuhudia mabishano ya watu wa uamsho na watu wa liturgia ndani ya usharika mmoja hatuhitaji kuelezwa zaidi.

Katika nyumba hiyo ya Borgen yumo mwana mwingine, Johannes, aliyesoma theolojia kisha akarukwa na akili, akidhani yeye ndiye Kristo. Yeye peke yake husema kwamba katika kijiji kizima hakuna anayeamini. Mkwe wa nyumba, Inger, anafariki wakati wa kujifungua. Daktari anaamini sayansi yake. Mchungaji wa kijiji anaona kwamba miujiza ilikuwa ya zamani. Kifo cha Inger kinawakutanisha wazee waliokuwa hawazungumzi. Mwishoni Johannes, akili zikiwa zimemrudia, anasimama penye jeneza na kumwita Inger kwa jina la Yesu, naye anaamka.

Tutazame jinsi mtunzi alivyogawa maneno. Yeye ni mchungaji, lakini mchungaji aliyemo katika tamthilia hakupewa heshima ya pekee. Anazungumza kwa adabu, wala haamini. Daktari asiyesadiki hakufanywa mjinga. Mzee Borgen na mshona nguo wote wana hoja, na wote wana kiburi. Kama Munk angehubiri juu ya jambo hilo Jumapili, watu wa Grundtvig wangeitikia kwa vichwa wakiwafikiria wenzao wa Misheni, na hao nao wangefanya vivyo hivyo. Pale ukumbini kila upande ulimsikia mtu wake akisema vizuri, kisha ukamwona akishindwa. Watu walitoka wakibishana: Je, hilo linawezekana? Je, sisi tunaamini kweli, au tunaamini tu kwamba zamani watu waliamini? Kisa hicho kilifanywa filamu na Carl Theodor Dreyer mwaka 1955, ikapata tuzo ya Simba wa Dhahabu mjini Venice.

Kumpenda mtu mwenye nguvu

Sasa tufike kwenye doa. Katika miaka ya mwanzo ya 1930, Munk alivutiwa na watawala wa mabavu. Aliiona demokrasia ya nchi yake kuwa ya maneno mengi na matendo machache, akamsifu hadharani Mussolini wa Italia, na hata Hitler kwa jinsi alivyowaunganisha Wajerumani. Wapo wanaomheshimu Munk ambao wangependa ukurasa huo upitwe haraka. Sisi tunadhani hauwezi kupitwa, kwa kuwa kishawishi hicho hakikuisha pamoja naye. Watu waliochoshwa na ubishi na rushwa huanza kumtamani mtu mmoja mwenye mkono wa chuma atakayezinyosha nchi na kanisa.

Tamthilia zake nyingi zinawahusu watu wa namna hiyo: Herode katika En Idealist ya mwaka 1928, Mfalme Henry wa 8 wa Uingereza katika Cant ya mwaka 1931, Daudi katika De Udvalgte ya mwaka 1933. Aliwapenda watu wakubwa, na hilo laonekana. Lakini jukwaa lina kanuni zake. Mtunzi akimleta mfalme, hana budi kuwaleta na walioumizwa na mfalme, na kuwapa sauti. Herode wake ana nguvu na akili, lakini kila anayempenda anamwagwa damu ili kiti kisimame, na mwishowe anashindana na mtoto wa Bethlehemu. Henry wake anaificha tamaa kwa maneno ya dini. Makala za Munk katika magazeti ziliweza kumsifu dikteta bila kumtaja mjane hata mmoja. Tamthilia zake hazikuweza.

Matukio nayo yalimfunza. Oktoba 1935 majeshi ya Mussolini yaliivamia Ethiopia, nchi ya Kiafrika yenye kanisa la kale, yakatumia gesi ya sumu, na Mei 1936 yakaingia Addis Ababa. Mwaka huo huo Munk alitoa tamthilia iliyoitwa Sejren, yaani Ushindi, ambayo msingi wake ulikuwa vita hivyo. Mwaka 1938 ikaja nyingine iliyohusu Ujerumani ya Hitler, ambayo jina lake limetoka katika Malaki 3, mahali panaposema juu ya Bwana aketiye kama asafishaye fedha kwa moto. Ndani yake profesa mmoja anaunganisha vigae vya kale, na sura ya Yesu inatokea: ni sura ya Myahudi. Wenye mamlaka hawaitaki kweli hiyo, na wasomi na viongozi wa dini wanapaswa kuamua watasema nini. Novemba 1938, Wayahudi walipokuwa wakiteswa waziwazi, Munk alimwandikia Mussolini barua ya wazi katika gazeti la Jyllands-Posten, akimtaka asimame kuwatetea. Bado alikuwa na tumaini kwa mtu mwenye nguvu. Halikudumu.

Kisa cha mwaka 1340 katika mwaka 1942

Tarehe 9 Aprili 1940 Ujerumani iliivamia Denmark, na serikali ikasalimu amri kwa saa chache. Mfalme alibaki, Bunge likabaki, mashamba yakalimwa. Maisha yakaendelea karibu kama kawaida kwa sharti la kunyamaza, na hapo ndipo palipokuwa na mtego.

Mwaka 1942 Munk alichapisha tamthilia ya Niels Ebbesen. Kisa chake ni cha historia ambayo kila mtoto wa Denmark alifundishwa shuleni: mwaka 1340, Gerhard, mtawala kutoka Holstein, alipokuwa ameishikilia Jutland, Niels Ebbesen aliingia usiku katika mji wa Randers akamuua. Lakini Niels wa Munk haanzi kama shujaa. Ni mtu wa amani anayelipenda shamba lake na kuamini kwamba asipomgusa mtu, hataguswa. Padri Lorents anamsukuma, naye anasita. Anasita kwa hoja nzuri, hoja ambazo Wadenmark wengi walikuwa wakiambizana mezani kila siku: sisi ni wachache, wao ni wengi, tukitulia watoto wetu watapona. Munk hakuzidharau hoja hizo. Aliziacha zisemwe mpaka mwisho, kisha akaonyesha jinsi mvamizi anavyolisogelea shamba hatua kwa hatua, mpaka amani aliyoitaka Niels haipo tena.

Kitabu kilipigwa marufuku, lakini nakala zilipita mkono kwa mkono. Kila msomaji alijua kwamba habari haikuwa ya mwaka 1340. Wengi wetu tulioisoma Kinjeketile ya Ebrahim Hussein shuleni tunaifahamu njia hiyo: Vita vya Maji Maji vinasimuliwa, na maswali ya msomaji wa leo juu ya uongozi, umoja na imani yanajitokeza yenyewe.

Swali la Niels Ebbesen ni gumu kwa Mkristo. Warumi 13 inatutaka tuyatii mamlaka. Je, ni halali kumuua dhalimu? Dietrich Bonhoeffer, mchungaji mwenzetu wa Ujerumani, alikuwa akibeba swali hilo hilo miaka hiyo hiyo. Naye, alipofungwa gereza la Tegel, alijaribu kuandika tamthilia, ingawa hakuimaliza. Sisi hatutalitatua hapa. Tunachokiona ni kwamba Munk hakuwapa wasomaji wake amri ya kushika silaha. Aliwaondolea kisingizio cha kusema hawajawahi kuulizwa.

Bei iliyolipwa

Januari 1943 wizara iliyosimamia kanisa iliwataka wachungaji wasiyaguse mambo ya mapambano ya kanisa la Norwei. Munk aliijibu kwa maandishi kwamba hatatii. Oktoba mwaka huo, Wajerumani walipoanza kuwakamata Wayahudi wa Denmark, barua ya maaskofu ya kupinga mateso hayo ilisomwa makanisani, na raia wakawavusha Wayahudi zaidi ya 7,000 kwa mashua mpaka Uswidi. Watu walioambiwa tangu 1940 kwamba kutulia ndiyo hekima, safari hii hawakutulia. Hatuwezi kusema tamthilia ndiyo iliyofanya hivyo. Lakini tunajua kwamba mazungumzo juu ya kutulia na kutotulia yalikuwa yameshafanyika katika nyumba nyingi kabla ya usiku wa kuamua kufika.

Desemba 1943 Munk alihubiri katika Kanisa Kuu la Copenhagen. Jioni ya tarehe 4 Januari 1944 watu waliotumwa na Wajerumani walifika kwa gari katika nyumba ya mchungaji Vedersø, wakamchukua mbele ya mke wake Lise. Asubuhi yake mwili wake ulikutwa kando ya barabara karibu na Silkeborg. Alikuwa na miaka 45, na watoto watano.

Igizo letu na Nathani

Tunajifunza nini sisi tunaokusanyika chini ya mabati, bila ukumbi wa kifalme wala waigizaji wa kulipwa?

Tuchukue jambo tunalolijua. Umoja wa vijana wanaandaa igizo juu ya mjane aliyenyang'anywa kiwanja na ndugu za marehemu. Kwa kawaida shemeji huingia amelewa, koti limechanika, anapiga kelele. Usharika mzima unacheka, shemeji anaaibishwa, mjane anarudishiwa kiwanja, mwinjilisti anafunga kwa sala. Nani amejiona katika yule mlevi? Hakuna. Na aliyemfukuza mjane wa kaka yake mwezi uliopita amecheka pamoja nasi.

Sasa tumvike shemeji shati safi. Tumfanye mzee wa kanisa. Tumpe hoja zake zote: kwamba ardhi ni ya ukoo, kwamba mjane ni kijana na ataolewa kwingine, kwamba yeye ndiye atakayewalea watoto wa ndugu yake, kwamba wazee walikaa kikao na kukubaliana. Tumwache aseme vizuri mpaka baadhi yetu tuanze kuitikia. Kisha tumlete mjane na watoto wake wasimame mbele yake, wala igizo lisimalizwe. Mchungaji asihubiri juu yake siku hiyo. Watu wa mitaa wakalizungumze katika ibada za nyumba kwa nyumba juma lote. Hapo tutakuwa tumefanya kama Nathani, na huenda Daudi wa usharika wetu akatoa hukumu kabla hajajua anamhukumu nani.

Kutakuwa na manung'uniko. Baadhi ya wazee watasema jukwaa la kanisa limetumika kuwasema watu. Tuwajibu kwa upole kwamba hakuna aliyetajwa jina. Na sisi tunaoandaa maigizo hayo tukumbuke habari ya Munk na watawala wake: tukiwapa maneno wale tuliowaumiza sisi wenyewe, nasi pia tutahukumiwa. Mimbari haitapungukiwa kitu kwa hilo. Neno litaendelea kuhubiriwa kila Jumapili, na msamaha utaendelea kutangazwa. Lakini yule mjane, ambaye kwenye kikao cha ukoo hakupewa nafasi ya kusema, atakuwa amesema mbele ya usharika mzima, na shemeji zake watakuwa wameketi na kumsikiliza.